Je, Wajua? Ulimwengu Unaoendeshwa na Nasibu

Je, wajua kuwa zaidi ya miaka 2,200 iliyopita, huko Athens, palikuwa na mwanafalsafa aliyefundisha kwamba vitu vyote vilitokana na chembe kupinda njia bila sababu yoyote? Huyo ni Epicurus, aliyefariki mwaka 270 kabla ya Kristo. Maandiko yake mengi yamepotea, na fundisho hili tunalipata zaidi kwa mshairi Mrumi Lucretius, aliyelieleza katika utenzi mrefu wa Kilatini kuhusu asili ya vitu. Anasema atomi zilikuwa zikidondoka katika utupu, zote sambamba, zote kwa mwendo mmoja. Lau zingeendelea hivyo zisingegusana milele, na pasingekuwa na jiwe, samaki wala mtu. Ila mara mojamoja, mahali pasipojulikana na wakati usiojulikana, atomi hupinda kidogo sana, ikaigonga jirani yake, nayo ikagonga nyingine. Hapo ndipo mambo yakaanza kutokea.

Cicero aliliona fundisho hili kuwa upuuzi, na wengi baada yake walikubaliana naye. Utenzi wenyewe ulikaa karne nyingi karibu bila wasomaji, hadi Poggio Bracciolini, msomi wa Kiitaliano aliyewahi kuwa katibu wa Papa, alipoukuta katika nyumba ya watawa mwaka 1417.

Wazo la Epicurus halijazeeka. Tuuwaze ulimwengu ambamo chini ya kila kitu hakuna sheria ngumu isiyopindika. Pana uwezekano tu: jambo hili lina nafasi moja kwa mbili, lile moja kwa bilioni, na nyuma ya hapo hakuna kilichofichwa. Wengi wakiambiwa hivyo huona vurugu mbele ya macho yao: kikombe kinapaa chenyewe, punje ya mahindi inaota mpapai. Mimi nasema ulimwengu wa namna hiyo ungekuwa mtulivu mno, na ungefanana sana na huu tunaoishi. Ushahidi upo, tena umeanza kukusanywa zamani.

Kwanza tumsikie mpinzani mkuu. Mwaka 1814 Mfaransa Pierre-Simon Laplace aliwaza akili kubwa mno ambayo, ikijua kwa nukta moja ya wakati kila chembe iko wapi na inasukumwa na nguvu gani, ingeweza kuisoma jana yote na kesho yote bila kubahatisha. Kinachosahaulika ni kwamba wazo hilo limo mwanzoni mwa kitabu chake kuhusu hesabu za uwezekano. Kwa Laplace, hesabu hizo zilikuwa tiba ya ujinga wetu sisi wanadamu. Ulimwengu wenyewe haukuwa na shaka hata kidogo.

Je, wajua kuwa aliyekuja kumpinga kwa hoja nzito alikuwa mtu wa vipimo? Charles Sanders Peirce, Mmarekani aliyezaliwa mwaka 1839, alifanya kazi kwa takriban miaka 30 katika idara ya serikali iliyopima pwani ya Marekani. Sehemu kubwa ya kazi yake ilikuwa kupima nguvu ya uvutano wa dunia kwa kuhesabu mapigo ya pendulamu. Aliyewahi kupima kitu kwa makini anajua yanayotokea. Pendulamu ni ileile, chumba ni kilekile, mpimaji ni yuleyule, na bado majibu mawili hayalingani hadi tarakimu ya mwisho. Wengine waliiita tofauti hiyo kosa la mpimaji wakaiweka kando. Peirce hakuiweka kando. Tumejuaje kwamba kosa lote ni letu? Vipi kama kipande chake ni cha maumbile yenyewe?

Katika makala aliyoichapisha Aprili 1892 kwenye jarida la The Monist, alitamka wazi kwamba hakuna kipimo kilichowahi kuonyesha kuwa maumbile hufuata sheria barabara, bila kupotoka hata unywele. Aliongeza kwamba kadiri vyombo vinavyoboreshwa, ndivyo kupotoka kwenyewe kunavyoonekana vizuri zaidi. Maneno hayo hayakutoka kwa mtu aliyekaa kitini akiota ndoto. Yalitoka kwa mtu aliyekuwa amechoka macho kwa kutazama pendulamu.

Juu ya hapo akajenga picha nzima ya ulimwengu. Mwanzoni palikuwa na nasibu tupu. Jambo likatokea, na kwa kutokea likajiongezea kidogo uwezekano wa kutokea tena. Likarudi, likarudi tena, mpaka likawa mazoea. Kwa Peirce, sheria za maumbile ni mazoea yaliyokomaa, na jiwe huanguka kwa kuwa mawe yamekwisha kuzoea kuanguka. Mazoea hayo hayajakamilika bado. Pamebaki upenyo mwembamba, na katika upenyo huo hupita kila kilicho kipya: aina mpya za viumbe, mawazo mapya. Ukamilifu wa sheria aliuweka mbali sana, katika wakati ujao usiofikika. Kati ya falsafa zote za nasibu hii ndiyo ninayoithamini zaidi, kwa sababu inagusa swali ambalo Laplace aliliruka: sheria zenyewe zilitoka wapi? Peirce alifariki mwaka 1914 nyumbani kwake Milford, Pennsylvania, akiwa maskini, akiacha marundo ya karatasi ambazo hazikuwahi kuchapishwa.

Wasomaji waliopitia madrasa huenda wameshakumbuka kitu. Karibu karne nane kabla ya Peirce, mjini Baghdad, Abu Hamid al-Ghazali, yuleyule ambaye kitabu chake cha Ihya kinajulikana vyema kwa wanazuoni wa mwambao wetu, alikamilisha kitabu cha kuwajibu wanafalsafa. Mwaka ulikuwa 1095. Katika mjadala wa 17 anazungumzia pamba na moto. Tunaona moto unaigusa pamba, kisha tunaona pamba inaungua. Tulichokiona ni mambo mawili yanayofuatana. Ulazima wa moja kuleta jingine hatujauona kwa macho, kwa kuwa anayeumba kuungua ni Mwenyezi Mungu, na angetaka asingekuumba. Anawapa wapinzani wake nafasi ya kumbana: kama ni hivyo, basi kitabu ulichokiacha nyumbani huenda sasa kimegeuka farasi na kuichafua maktaba yako kwa mkojo na kinyesi! Jibu lake ni zuri sana. Jambo laweza kuwa linawezekana, na bado tukawa na yakini kwamba halikutokea, kwa kuwa Mungu ameweka ndani yetu ujuzi wa desturi anayoipitisha. Tofauti yake na Peirce ni kubwa na haifai kufunikwa: kwa Ghazali hakuna nasibu, kila tukio ni irada ya Mungu. Hata hivyo wote wawili waliona desturi pale ambapo wengine waliona ulazima.

Je, wajua kuwa kuna mchezo wa kuigiza unaoanza na sarafu inayodondoka upande wa kichwa mara 92 mfululizo? Uliandikwa na Tom Stoppard na ulionyeshwa kwa mara ya kwanza Edinburgh mwaka 1966. Watu wawili, waliochukuliwa kutoka kwenye Hamlet ya Shakespeare, wanarusha sarafu kusogeza wakati, na mmoja wao anaanza kuingiwa na hofu. Ana haki ya kuogopa. Nafasi ya jambo hilo ni moja katika 5 ikifuatiwa na sufuri 27. Namba hiyo haina ladha mdomoni, basi tuifanyie hesabu. Chukua watu bilioni 8, yaani sote tuliopo duniani, kila mmoja na sarafu yake. Kila mmoja airushe mara moja kila sekunde, usiku na mchana, bila kula wala kulala. Tuseme tulianza siku ulimwengu ulipoanza, miaka bilioni 13.8 iliyopita. Ukipiga hesabu utakuta kwamba kuna nafasi ya karibu asilimia 70 kuwa mpaka dakika hii mfululizo huo usingekuwa umempata mtu hata mmoja. Stoppard alitaka watazamaji wake wahisi mara moja kwamba wameingia ulimwengu mwingine, na hakuhitaji kuvunja sheria hata moja ya fizikia. Vichwa 92 havikatazwi na chochote. Havitokei, basi.

Jorge Luis Borges wa Argentina alilipitia jambo hili kwa njia ya bahati nasibu. Katika hadithi fupi aliyoitoa mwaka 1941 anaeleza mji wa Babeli, ambako mchezo ulianza kwa unyonge, tiketi zikiuzwa na vinyozi. Watu wakauchoka kwa kuwa ulitoa zawadi tu. Waendeshaji wakaongeza faini, baadaye kifungo, halafu mchezo ukawa wa bure, wa siri na wa lazima kwa kila mtu. Droo moja ikawa inazaa droo nyingine: huyu ahukumiwe kifo, lakini nani atekeleze, na je, apunguziwe? Mwishowe kila kitu kiko chini ya kura, hata ndege kulia. Hapo wakazi wanafika mahali pa ajabu, maana hakuna tena awezaye kusema kama Kampuni inayoendesha mchezo bado ipo au haikuwahi kuwepo. Wakazi wa mji wenye kura kila mahali na wa mji usio na kura wanaishi maisha yaleyale. Sijui mwandishi mwingine aliyeuchungulia ulimwengu wa nasibu kwa undani huo katika kurasa chache hivyo.

Kwa kuwa tumetaja bahati nasibu: tangu mwaka 1957, hati za akiba za serikali ya Uingereza zinazoshindaniwa zawadi huchaguliwa na mashine iitwayo ERNIE. Ile ya kwanza ilichota namba zake kutoka kwenye mtikisiko wa umeme ndani ya mirija ya gesi ya neoni. Na katika mchezo wa redio wa Douglas Adams uliorushwa na BBC mwaka 1978, kuna chombo cha angani kinachosafiri kwa kupitia mambo yasiyoelekea kutokea. Makombora yanayokifuata yanageuka, moja likawa nyangumi, la pili chungu cha maua.

Turudi kwenye ulimwengu huu. Je, wajua kuwa mwaka 1910, mjini Manchester, Ernest Rutherford na Hans Geiger waliikamata nasibu na kuiandika kwenye utepe wa karatasi? Walichukua kisahani kidogo kilichopakwa poloniamu, wakakiweka mbele ya kioo chenye zinki salfaidi. Kila chembe iliyofyatuka kutoka kwenye atomi na kugonga kioo ilitoa mmweko mdogo sana. Mtu aliyekaa na hadubini aliuona, akabonyeza swichi, na alama ikaingia kwenye utepe uliokuwa ukipita. Baadaye utepe uligawanywa vipande vya sekunde 7.5, jumla vipande 2,608, na wastani ukawa mimweko 3.87 kwa kipande.

Halafu wakaanza kupanga. Vipande visivyo na mmweko hata mmoja vilikuwa 57. Vyenye mmweko mmoja, 203. Vyenye mitatu, 525. Vyenye kumi, 10. Mwanahisabati Harry Bateman alikuwa amewaandalia fomula iliyosimama juu ya dhana moja tu, kwamba kila atomi hufyatua kwa nasibu, bila kukumbuka yaliyopita na bila kumtazama jirani. Fomula ilisema vipande vitupu vitakuwa 54. Vyenye mimweko mitatu? Ilisema 525. Soma tena: 525 kwa 525. Penginepo jedwali lilipishana zaidi ya hapo, lakini umbo lake lilifuata fomula kutoka juu hadi chini. Hakuna aliyeweza kusema mmweko unaofuata utatokea lini, na hata leo hakuna awezaye. Ila idadi kwa jumla ilijipanga yenyewe, kwa sababu hasa hapakuwa na mkono wa kuipanga. Lau kungekuwa na atomi zinazosubiriana au zinazoambukizana, jedwali lingeharibika.

Kazi hiyohiyo inaendelea jikoni kwako. Ndizi moja ina potasiamu, na sehemu ndogo ya potasiamu hiyo hubadilika kwa kasi ya atomi zipatazo 15 kila sekunde. Ndani ya mwili wa mtu mzima ni zaidi ya 4,000 kila sekunde, bila kumdhuru. Ukipata atomi mbili za namna hiyo zilizo pamoja, zimefanana kwa kila kitu, zote zimekuwepo tangu kabla ya dunia kuumbika, moja itabadilika alasiri hii na nyingine itakaa miaka bilioni nyingine. Ukiuliza kwa nini hii na si ile, fizikia tunayoifundisha vyuoni haina jibu la kukupa, na haioni kwamba kuna kitu kimepungua.

Fizikia hiyo, iitwayo ya kwanta, ilipata kanuni yake kuu kwa njia ya kushangaza. Je, wajua kuwa iliingia duniani kama tanbihi? Mwaka 1926 Mjerumani Max Born alikuwa akieleza kinachotokea elektroni inapogonga atomi. Hesabu zilimpa namba, akaandika kuwa namba hiyo inaonyesha uwezekano wa elektroni kutupwa upande fulani. Wakati wa kusahihisha prufu akaona haijakaa sawa, akaongeza tanbihi: uwezekano unapatikana kwa kuizidisha namba hiyo kwa yenyewe. Mstari huo mdogo chini ya ukurasa ndio unaobeba kila hesabu ya kwanta tangu siku hiyo. Alipewa Tuzo ya Nobel kwa kazi hiyo mwaka 1954, miaka 28 baadaye. Rafiki yake Albert Einstein hakuwahi kuridhika, na katika barua ya Desemba 1926 alimwandikia kwamba haamini Mungu anacheza dadu.

Asiyeona uzito wa jambo hili na atoke nje mchana. Kitovu cha jua kina joto la takriban nyuzi milioni 15, na bado joto hilo halitoshi. Protoni mbili zinasukumana kwa umeme, na kwa hesabu za zamani karibu zote hazina nguvu ya kuuvuka ukuta ulio kati yao. Jua lilipaswa kuwa giza. Mwaka 1928 George Gamow alionyesha kuwa chembe ina nafasi ndogo ya kuonekana upande wa pili wa ukuta ambao haina nguvu ya kuupanda, na mwaka 1929 Robert Atkinson na Fritz Houtermans wakaipeleka fikra hiyo ndani ya nyota. Nafasi hiyo ni finyu mno, kiasi kwamba protoni moja kwa wastani husubiri mabilioni ya miaka. Ukichukua mita moja ya ujazo ya kitovu cha jua, joto linalotoka humo ni wati mia mbili na kitu, sawa na lundo la samadi linalooza. Mwili wako, ukilinganisha ujazo kwa ujazo, unalishinda jua. Lakini protoni ni nyingi kupita kiasi, na bahati ya nadra ikigawiwa kwa umati wa namna hiyo haikosi kumpata mtu. Mwanga unaoanika dagaa wa Ziwa Victoria na karafuu za Pemba ni malipo ya bahati hizo, na haujawahi kuruka siku.

Ludwig Boltzmann, ambaye fomula yake imechongwa kwenye kaburi lake mjini Vienna, aliliona jambo hili mapema katika hewa. Molekuli 10 zikiachwa chumbani, nafasi ya zote kukutwa upande wa kushoto ni moja katika 1,024, na ukiwa na subira utaliona tukio hilo. Zikiwa 100, ni moja katika namba yenye tarakimu 31. Lita moja tu ya hewa ina molekuli zinazohesabika kwa 2 ikifuatiwa na sufuri 22 na zaidi. Hakuna sheria inayoizuia hewa yote kukuhama na kujikusanya kwenye kona. Unapumua kwa sababu ya wingi.

Bado inabaki hoja ya Laplace katika nguo mpya: huenda kila chembe ina maagizo yake ya siri, na tunachokiita nasibu ni kutoyasoma tu. Mwaka 1964 John Bell, mzaliwa wa Belfast, alionyesha kwamba hoja hiyo inaweza kupimwa. Chembe pacha zikitenganishwa, kisha kila moja ikaulizwa maswali yanayochaguliwa papo hapo, maagizo ya siri ziliyobeba hayawezi kuyalinganisha majibu yao kupita kiwango fulani. Majaribio yalikivuka kiwango hicho, na John Clauser, Alain Aspect na Anton Zeilinger wakapata Nobel mwaka 2022. Wapo wanafizikia wanaoshikilia njia nyingine, kama ile ya David Bohm ya mwaka 1952, ambayo inayaruhusu maagizo kwa sharti kwamba kilicho mbali kiguse kilicho mbali papo kwa papo.

Mwenye shaka alikuwa na mlango mmoja zaidi: pengine hata uchaguzi wa maswali ulipangwa zamani, sambamba na majibu. Zeilinger na wenzake wakaenda kisiwa cha La Palma, wakaelekeza darubini mbili kwa kwaza mbili, yaani viini angavu vya galaksi za mbali sana, zilizo pande tofauti za anga. Rangi ya kila chembe ya mwanga iliyofika, kama imeelekea wekundu au ubuluu, ndiyo iliyoamua swali la kuulizwa. Mwanga wa kwaza moja ulikuwa umesafiri miaka bilioni 7.8, wa nyingine bilioni 12.2. Matokeo, yaliyochapishwa mwaka 2018, yalikivuka kiwango cha Bell kama kawaida. Aliyetaka kuendelea kusema kwamba kuna aliyepanga maswali na majibu pamoja ilimbidi sasa akubali kuwa mpango huo ulifanywa kabla ya mwanga ule kuanza safari, zaidi ya miaka bilioni tatu kabla dunia haijakuwepo.